Riba Ikae au Itembee?

FUNDI WA UMEME: Mimi nimeshaamua. Nataka dola 20,000 nimalizie nyumba yangu hapa Kambove, nilipe kwa miaka mitano, na riba isiguswe. Ikianza asilimia 14, ibaki 14 mpaka siku ya mwisho. Karatasi yenye maneno "kwa sasa" sitii sahihi. Karo ya watoto naijua, mshahara wangu naujua. Na deni nalo nataka nilijue.

AFISA MIKOPO: Na mimi nakuuliza unanunua nini kwa hizo 14. Tuseme, kwa mfano tu, mezani pana mikopo miwili: mmoja wa 14 isiyobadilika, mwingine unaanza na 11 na unaweza kubadilika. Kwa dola 20,000 za miaka mitano, wa kwanza utakukata dola 465 kila mwezi, wa pili 435. Tofauti ni dola 30. Hizo unailipa benki ili ikubebee wasiwasi wako.

FUNDI WA UMEME: Nitalipa. Dola 30 si pesa ya kunikosesha usingizi. Kinachonikosesha usingizi ni barua.

MWALIMU: Barua yenyewe inatoka wapi? Ndugu wa benki, hiyo 11 inabadilika kwa amri ya nani?

AFISA MIKOPO: Inategemea sarafu. Kwa mkopo wa dola, Benki Kuu ya Kongo, kule Kinshasa, haina sauti kubwa. Dola ina benki kuu yake, nayo iko Washington. Machi 2022 riba ya kule ilikuwa kati ya sifuri na robo asilimia. Julai 2023 ilikuwa imefika kati ya 5.25 na 5.50. Benki inayochukua dola nje ililazimika kuzilipia bei hiyo mpya. Kama nilikuwa nimekukopesha kwa riba isiyosogea, hasara hiyo ni yangu. Sasa unaelewa kwa nini riba inayokaa huanza juu.

MWALIMU: Kwa hiyo petroli na nyama zikipanda bei Marekani, Washington inapandisha riba, na mtu wa Kambove anaongezewa makato. Na zikishuka? Washington ilianza kupunguza Septemba 2024. Barua ya kupandisha hufika wiki hiyohiyo. Ya kushusha wateja wako waliiona?

AFISA MIKOPO: Inategemea mkataba unasemaje.

MWALIMU: Hapo ndipo ninapotaka tufike, lakini nitasubiri. Kwanza niseme la Kenya, maana kule mikopo mingi ya nyumba ni ya riba inayotembea, na wenzetu walishaonja. Septemba 2011 riba ya Benki Kuu ya Kenya ilikuwa asilimia 7. Desemba mwaka huohuo ilikuwa 18. Miezi mitatu tu! Shilingi ilikuwa imeanguka, benki kuu ikafunga breki, na mwenye nyumba aliyekuwa amepiga hesabu zake vizuri mwezi Agosti akafunga mwaka na deni asilolijua. Hakuwa mlevi wala mzembe. Alitia sahihi tu mahali pasipofaa.

AFISA MIKOPO: Endelea na hadithi, Mwalimu, usiikatie hapo. Mwaka 2016 Kenya ilitunga sheria: benki isitoze zaidi ya pointi nne juu ya riba ya benki kuu. Watu walishangilia. Kilichofuata ni benki kuwakwepa wateja wadogo na kununua hati za serikali, kwa sababu kwa bei hiyo mteja mdogo hakulipia hatari yake. Novemba 2019 kikomo kikaondolewa. Ukinifunga mkono nisiipandishe riba, sikukopeshi kwa huruma. Naacha tu kukukopesha.

MZEE WA GÉCAMINES: Ninyi wote mnabishana kuhusu riba kana kwamba ndiyo kitu pekee kinachotembea. Mimi nimezaliwa kwenye nyumba ya kampuni na nimezalia watoto wangu kwenye nyumba ya kampuni. Kampuni ya migodi ya Union Minière ilianzishwa 1906. Ilipotaifishwa ikaja kuwa Gécamines. Jina lilibadilika, utaratibu ukabaki. Nyumba ilitoka kwao, posho kwao, shule kwao, hospitali kwao. Mtu wa rika langu hakujua neno riba. Hapakuwa na kitu kilichokaa imara kuliko sisi.

FUNDI WA UMEME: Ndiyo ninachokitafuta, Papa. Uimara.

MZEE WA GÉCAMINES: Subiri, mwanangu. Katikati ya miaka ya 1980 tulikuwa tunatoa zaidi ya tani 470,000 za shaba kwa mwaka. Septemba 1990 mgodi wa Kamoto, kule Kolwezi, ukaporomoka. Kufika 1994 tulikuwa tumebaki na tani kama 30,000. Mshahara ukawa unachelewa mwezi, halafu miezi, halafu watu wakaacha kuhesabu. Mwaka 2003 wakaja na mpango wa kuondoka kwa hiari, na pesa ya Benki ya Dunia, na watu zaidi ya 10,000 wakachukua fungu la pesa na kwenda nyumbani. Sasa niambie: riba yako isiyobadilika imekaa juu ya nini? Juu ya mshahara. Na mshahara umekaa juu ya nini?

FUNDI WA UMEME: Juu ya shaba. Najua, Papa, na ndiyo hoja yangu hasa. Kama bei ya shaba siiwezi, kama kampuni siiwezi, angalau niwe na kitu kimoja kisichosogea. Mtu ambaye kila kitu chake kinatikisika, unamwambia na deni nalo litikisike?

MZEE WA GÉCAMINES: Naweza pia kumwambia asikope. Au akope kidogo alipe upesi.

AFISA MIKOPO: Papa amenifungulia mlango. Kulipa upesi kunabadilisha hesabu yote, na watu hawaioni. Tuchukue ile 11 inayotembea. Miaka miwili imepita salama, mwaka wa tatu riba inaruka pointi tano nzima, inakuwa 16. Balaa, siyo? Lakini kufikia hapo umeshalipa sehemu kubwa. Deni limebaki kama dola 13,300. Makato mapya yatakuwa dola 467 kwa mwezi. Fundi, wewe wa riba isiyobadilika ulikuwa unalipa 465 tangu mwezi wa kwanza. Mwenzako ameanza kulipa kama wewe mwaka wa tatu, tena baada ya balaa. Ukijumlisha miaka mitano, yeye ametoa karibu dola 27,250, wewe 27,900 na zaidi.

FUNDI WA UMEME: Umeiweka balaa mwaka wa tatu kwa sababu hapo inakufaa. Iweke mwezi wa pili.

AFISA MIKOPO: Nikiiweka mwezi wa pili, anakatwa 486.

FUNDI WA UMEME: Na hiyo ya Washington, pointi tano na zaidi, ilichukua muda gani?

AFISA MIKOPO: Miezi kumi na sita.

FUNDI WA UMEME: Basi haikungoja mwaka wa tatu.

MWANDISHI: Naingilia mara moja. Hesabu za afisa nimezirudia kwa kikokotozi na ziko sawa. Na hoja ya fundi pia. Ninachoona ni kwamba kwa mkopo wa miaka mitano wote wawili wanapigania dola ishirini, thelathini kwa mwezi, na sauti zao ni za watu wanaopigania nyumba nzima. Kuna kitu kingine chini ya maneno yao. Waendelee.

MWALIMU: Dola ishirini kwa sababu ni miaka mitano. Refusha muda uone. Dola 20,000 hizohizo kwa miaka ishirini: kwa 11 unaanza na makato ya dola 206, kwa 14 isiyobadilika ni 249. Baada ya miaka miwili mwenye 206 bado anadaiwa zaidi ya 19,300, maana mwanzoni karibu yote unayolipa ni riba. Ikiruka kufika 16, makato yanakuwa 274. Ameongezewa theluthi nzima, na ana miaka kumi na minane mbele yake. Hapo huwezi tena kusema ni bei ya wasiwasi.

AFISA MIKOPO: Sawa, lakini miaka ishirini ya kwako ni ya karatasi. Benki nyingi za nchi hii zinalelewa na akiba ambazo mwenyewe anaweza kuja kuzichukua kesho asubuhi. Nikichukua pesa ya mtu anayeweza kuja kesho nikamkopesha mtu wa miaka ishirini, ni mimi ninayetembea juu ya kamba. Nairobi waliunda KMRC, Dar es Salaam TMRC: mashirika yanayotafuta pesa ya muda mrefu na kuzikopesha benki, ili benki nazo ziweze kumpa mwananchi mkopo mrefu. Riba isiyobadilika haitoki kwenye ukarimu wa meneja wa tawi. Inatoka kwenye pesa iliyokubali kukaa.

MWALIMU: Na mimi ninayelipwa kwa franka nifanye nini wakati pesa hiyo haijakubali kukaa? Maana hamjanigusa bado. Fundi analipwa kwa dola, anabishana kuhusu dola. Mwalimu wa serikali analipwa kwa franka. Tuseme mke wangu na mimi tumeunganisha mishahara na biashara, tukachukua mkopo wa fundi: dola, asilimia 14, isiyobadilika, 465 kwa mwezi. Mwanzoni mwa 2023 dola ilikuwa karibu franka 2,000. Makato yangu ni franka 930,000. Mwaka 2024 dola ilifika 2,800. Makato yaleyale sasa ni 1,302,000. Riba haikusogea hata nukta. Mkataba umeheshimiwa kila neno. Na mimi nimeongezewa asilimia arobaini.

FUNDI WA UMEME: Hapo sina jibu, Mwalimu.

MWALIMU: Sitaki jibu, nataka neno lisitumike ovyo. Mnaponiambia "isiyobadilika", niambieni isiyobadilika kwa nani. Kwa pesa ninayopokea mimi, hiyo ni riba inayotembea kuliko zote, na haina hata kikomo.

AFISA MIKOPO: Basi kopa kwa franka.

MWALIMU: Kwa riba gani?

AFISA MIKOPO: Hapo ndipo pagumu. Agosti 2023, ili kuizuia franka isianguke, Benki Kuu ya Kongo ilipandisha riba yake kutoka 11 hadi 25. Hiyo ilikuwa riba ya Benki Kuu kwa benki. Mteja akawa juu ya hapo.

MWALIMU: Kwa hiyo ama nikope kwa sarafu nisiyoipokea, ama kwa riba nisiyoiweza.

MZEE WA GÉCAMINES: Na msidhani benki zimechagua dola kwa kiburi. Kuna kumbukumbu. Tulikuwa na zaïre. Mwaka 1993 ikatolewa zaïre mpya, moja kwa milioni tatu za zamani. Mwaka uliofuata bei zilipanda zaidi ya asilimia 9,000. Mwaka 1998 ikaja franka, moja kwa zaïre mpya 100,000. Mtu aliyekuwa na deni la riba isiyobadilika kwa zaïre angelilipa lote kwa bei ya sabuni. Angefurahi sana. Na yule aliyemkopesha, na mjane aliyeweka akiba kwenye benki hiyo, wangelia. Tangu hapo hakuna mwenye akili anayeahidi riba isiyosogea kwa pesa ya hapa kwa miaka mingi. Mnayemlaumu leo amekaa mezani, lakini aliyemtisha ni ile miaka.

AFISA MIKOPO: Asante, Papa.

MZEE WA GÉCAMINES: Sikukutetea. Nimeeleza tu.

MAMA WA SOKO: Mimi nawasikiliza tangu asubuhi na ninaona mmesahau kuwa dola nayo inaweza kumgeuka mtu. Mwaka 2025, mwishoni mwishoni, franka ilipata nguvu. Dola ikashuka chini ya 2,500. Wenye mishahara ya dola walikuja sokoni na noti zao wakabadilisha, wakapata franka pungufu, na unga ulikuwa uleule wa bei ya jana. Fundi, siku hizo ulinunua samaki nusu.

FUNDI WA UMEME: Kweli, Mama. Lakini deni langu lingekuwa la dola na mshahara wa dola. Hayo mawili yangetazamana bila kupotezana.

MAMA WA SOKO: Deni halili samaki. Watoto ndio wanaokula. Sasa sikilizeni namna yangu. Mimi ninajenga bila riba, wala ya kukaa wala ya kutembea. Tuna likelemba, kila mmoja anatoa, zamu ikifika nachukua fungu langu. Fungu la kwanza nilinunua parseli, yaani kiwanja. La pili nikafyatua matofali kwa udongo wa kichuguu, nikayachoma mwenyewe. La tatu msingi. Sasa vyumba viwili vina mabati na ninaishi humo. Biashara ikilala, ujenzi nao unalala. Hakuna mtu atakayenigongea mlango.

AFISA MIKOPO: Mama, kwa heshima, riba unailipa ila hujaiandika. Miaka uliyokuwa unafyatua matofali ulikuwa umepanga wapi? Kodi ya miaka hiyo ni pesa. Saruji uliyoshindwa kuinunua yote siku moja, ukairudia mwaka uliofuata kwa bei nyingine, hiyo nayo ni riba. Tena inatembea.

MAMA WA SOKO: Inatembea, lakini ikinishinda nasimama mimi, nyumba inabaki yangu. Yako ikinishinda, unasimama wewe mlangoni na hati mkononi. Isitoshe, hati yenyewe unayoitaka mimi sina.

AFISA MIKOPO: Hilo ni kweli, na linaondoa watu wengi kabla hata hatujafika kwenye riba. Kwa sheria ya tarehe 20 Julai 1973 ardhi ni ya serikali. Raia anapewa haki ya kuitumia, na uthibitisho kamili ni hati ya usajili. Rehani inaandikwa juu ya hati hiyo. Karatasi ya mtaa haitoshi.

MWALIMU: Na hata mwenye hati, tusisahau tuko wapi. Huku unaweza kuwa na haki ya juu ya ardhi na mtu mwingine akawa na haki ya madini yaliyo chini yake. Sheria ya Madini ya 2002, iliyorekebishwa 2018, inamtaka mwenye mgodi amlipe fidia anayehamishwa. Haimtaki aulize kwanza kama nyumba ina mkopo wa miaka mingapi.

FUNDI WA UMEME: Sasa mmenifanya nionekane mjinga kwa kutaka nyumba. Nirudi kwenye swali langu, maana mimi hati ninayo, mshahara wa dola ninao, na miaka mitano naiweza. Kwa mtu wa namna yangu, isiyobadilika ina ubaya gani?

AFISA MIKOPO: Haina ubaya. Ina bei. Na ina jambo moja usiloliuliza: ukipata fungu la pesa mwaka wa pili ukataka kulipa deni lote, mkataba unaweza kukutoza faini ya kulipa mapema. Nilitegemea riba yako kwa miaka mitano. Ukiondoka, unaondoka na faida yangu. Inayotembea mara nyingi ni rahisi kutoka.

FUNDI WA UMEME: Hiyo hukusema mwanzo.

AFISA MIKOPO: Hukuuliza mwanzo.

MWALIMU: Basi na mimi niulize lile langu nililoliweka kiporo. Soma kwa sauti kile kifungu cha riba inayotembea.

AFISA MIKOPO: Vinatofautiana. Vipo vinavyosema riba itafuata kiwango fulani kinachotangazwa, pamoja na pointi kadhaa. Vipo vinavyosema benki inaweza kurekebisha riba kulingana na hali ya soko.

MWALIMU: Hali ya soko anaipima nani?

AFISA MIKOPO: Benki.

MWALIMU: Kwa hiyo kuna riba inayotembea na riba inayotembezwa. Ya kwanza naweza kuifuata: natazama kiwango kilichotangazwa, najumlisha pointi zako, najua barua itasema nini kabla haijafika. Nitadai pia kikomo kiandikwe, isizidi hapa. Ya pili siwezi kuifuata popote. Na kwenye nyaraka zako, wewe mwenyewe ungeruhusiwa kuandika kikomo hicho?

AFISA MIKOPO: Mimi mikataba siandiki. Mikataba inakuja imeshachapwa.

FUNDI WA UMEME: Ndiyo maana nasema 14 yangu. Katika mkataba uliokwisha kuchapwa, namba peke yake ndiyo ninayoweza kuisoma bila wakili.

MZEE WA GÉCAMINES: Mwanangu, mkataba wako wa kazi ni wa muda gani?

FUNDI WA UMEME: Miaka miwili. Unarudiwa.

MZEE WA GÉCAMINES: Umesharudiwa?

FUNDI WA UMEME: Mara moja.

MZEE WA GÉCAMINES: Mwaka 2008, Julai, tani ya shaba ilikuwa karibu dola 9,000. Desemba ilikuwa chini ya 3,000, na migodi mingi ya Katanga ilifunga mageti. Februari 2025 serikali ilisimamisha kutoa kobalti nje ya nchi, ikasema miezi minne, ikaongeza, kisha Oktoba ikaleta mgawo. Sisemi ilikosea. Nasema hakuna aliyekuuliza wewe wala benki. Mkopo wa miaka mitano, kazi ya miaka miwili. Ile miaka mitatu mingine, riba yako isiyobadilika itamkata nani?

AFISA MIKOPO: Ndiyo maana tunataka barua ya mwajiri, na mshahara upitie kwetu, na bima.

FUNDI WA UMEME: Bima inalipa nikifa.

AFISA MIKOPO: Ukifa, ndiyo. Ukiwa mgonjwa wa kudumu, kwa baadhi ya bima.

FUNDI WA UMEME: Na geti likifungwa nikiwa mzima?

AFISA MIKOPO: Utakuja ofisini Likasi, tuangalie namna ya kurefusha muda.

MWALIMU: Kwa riba ipi? Ya zamani, au ya siku hiyo?

AFISA MIKOPO: Ya siku hiyo, Mwalimu. Huo utakuwa mkataba mpya.